Mapinduzi Niliyoyatafsiri Kinyume

Watu wa Olumbi, kijiji chetu cha pwani ng'ambo ya mpaka kutoka Mtwara, wakiniona sokoni mpaka leo wananiuliza, "Vipi, malkia ameshapona huko Mtwara?" kisha wanashikana mabega kwa kucheka. Wacha wacheke. Kinachoniudhi ni wale ambao hawakuwepo na wanasimulia kama walikuwepo, wengine wanathubutu kusema eti nililewa. Nilewe nini, miye ninayekunywa madafu tu? Basi nasimulia mwenyewe, na atakayebisha aje abishe mbele yangu.

Kazi yangu ni kutafsiri picha. Kaka yangu ana kibanda cha video kando ya barabara kuu, na miye ndiye sauti ya kibanda. Picha za Kihindi, za Kichina, za Kikorea, zote zinapita mdomoni mwangu kabla hazijaingia masikioni mwa watu. Mtu akiniuliza Kichina nilisoma wapi, namwambia sikusoma popote. Kazi hii niliiona Mtwara nilipokuwa msichana, nilikokwenda kukaa kwa shangazi, na mtafsiri wa mtaani kwetu hakujua hata Kiingereza cha kuombea maji. Alijua nyuso. Ukishaujua uso wa mtu aliyeibiwa mke, kamusi ya nini?

Mama mkubwa, dada yake mama, ndiye aliyenilea tangu naota meno, na alikuwa malkia. Usicheke. Kila kikundi cha tufo, ngoma yetu ya wanawake, pwani hii kina malkia wake, sisi twamwita rainya, neno la Wareno hilo. Ana makamu, ana katibu, ana wapiga matari, utadhani serikali. Wanawake hujipanga mistari, hupiga magoti, huimba na kuyumbisha mabega, na rainya hukaa mbele yao kwenye kiti. Yeye hachezi. Kiti chenyewe ni cha plastiki, lakini kikishatandikwa kitambaa, na mama mkubwa akishakaa juu yake na uso wake uliopakwa msiro, ule unga mweupe wa mti, hata miye niliyemwona asubuhi ile akifukuza mbuzi kwa ufagio namwamkia upya.

Sasa sikiliza jambo la rainya, maana bila hili hutaelewa kitu. Rainya hapigiwi kura wala haondolewi kwa kikao. Kazi yake kubwa ni kuchagua kapulana, yaani kitenge, ambayo kikundi chote kitavaa msimu ule. Siku ya ngoma ya kwanza wanawake huja wamejifunga kapulana kuukuu kwa juu, mpya iko ndani haionekani. Tari likilia, wanafungua. Wakiwa wamevaa aliyoichagua yeye, bado ni rainya. Wakiwa wamevaa nyingine, ameshuka. Hakuna matusi, hakuna maelezo, na yeye haruhusiwi kuuliza sababu. Nguo imeshasema.

Na mama mkubwa, kwa kuchagua nguo, Mungu amsamehe, alikuwa na kuku. Vita ilipotukimbiza kila mtu alibeba alichoona kitamfaa. Wenzetu walibeba magodoro na masufuria, yeye akajitwika matari ya kikundi akaacha jiko zima, tukafika ugenini tukawa tunapikia kwenye makopo ya maziwa. Nilimnunia wiki nzima. Tuliporudi, nyumba haikuwa na paa, mumewe tulikuwa tumemzika huko huko, na kitu cha kwanza alichokifanya ni kuwakusanya wanawake. Akawachagulia kapulana ya rangi ya chai ya maziwa yenye picha za kuku. "Palipo na kuku," alisema, "ujue watu wamerudi." Wanawake walilia siku ile, na miye nililia.

Msimu uliofuata akachagua kuku. Msimu mwingine, kuku tena, safari hii na vifaranga. Tukaenda kwenye Maulidi, wanawake wa kisiwa cha Rongui wakatuona tumejipanga kitita kizima, wakaanza kututagia: ko-ko-ko-koo! Watu walianguka chini kwa kicheko. Kikundi chetu kilirudi nyumbani kimenuna njia nzima, na aliyenuna kupita wote ni makamu wa mama mkubwa, mwanamke mrefu mwenye shingo ndefu, fundi cherehani, mcheza tufo hodari, maneno machache. Watu wa maneno machache nawaogopa.

Nisiseme uongo, hata miye kuku walikuwa wamenichosha. Lakini kile kiti ndicho kilichombakia mama mkubwa. Mume hana, watoto hakujaaliwa, nyumba nusu ya bati nusu ya turubai. Kiti ndicho kilichokuwa kikimfanya apake msiro asubuhi na kuuliza nani anaumwa, nani kajifungua, nani kagombana na mumewe. Ukimwondoa pale unamwacha ameketi uani anachambua mchele mpaka jua litue, na miye ndiye ninayeishi naye, ndiye nitakayemtazama. Nilisema na nafsi yangu kwamba hilo halitatokea nikiwa hai.

Ndipo akaja mwanamke wa Kizungu tuliyemwita Senyora. Senyora alikuwa Mjerumani aliyeletwa na kazi ya visima, mtu mwema, mwekundu kwa jua, amejifunza Kiswahili darasani huko Tanzania. Kiswahili chake kimepigwa pasi, akikuamkia unahisi umefungulia redio saa ya habari. Kisima kilipokwisha akataka kutuaga kwa zawadi. Alikuwa na mashine ya kurushia picha ukutani, akasema atatuonyesha picha ya kwao, ya zamani sana.

"Ni picha ya kimya," akaniambia. "Haina maneno, kwa hiyo kila mtu ataielewa."

Nilimhurumia. Kwetu sisi, picha ya kimya ni picha ambayo mtafsiri wake amechelewa.

"Inahusu nini, Senyora?"

"Inahusu malkia na wanawake wa mjini. Nimesikia ninyi mna malkia wenu, nikafikiri mtaipenda."

Nikamshukuru kwa niaba ya kikundi. Sikumwuliza inakwishaje. Usilolijua ni usiku wa giza.

Ikapangwa picha ionyeshwe mchana ndani ya armazeni, ghala la zamani la nazi, maana tangu vita mikusanyiko yetu ni ya mchana. Madirisha tukayaziba kwa mikeka na magunia. Picha ikiisha, wanawake watoke nje uwanjani wamchezee mgeni tufo la kumuaga, na kwa kuwa ndiyo ngoma ya kwanza ya msimu, ndipo kapulana mpya itakapofunguliwa. Mama mkubwa alikuwa ameshatangaza nguo yake zamani. Sina haja ya kusema ni mnyama gani.

Nilikuwa mlangoni nashika waya za mikrofoni wanawake wakiingia, kila mmoja kajifunga kapulana yake kuukuu. Mmoja akainama kuvua kandambili. Chini ya ile kuukuu ikachungulia nguo ya pinki, pinki ya kupigia kelele, na juu yake mkono wa mwavuli. Nikadhani macho yangu. Akaingia wa pili, upepo ukamfunua kidogo, pinki, mwavuli. Wa tatu kaifunga ya juu vibaya. Nikakumbuka wiki ile mfanyabiashara mmoja kutoka Mtwara alikuwa ameleta robota la kapulana za miavuli, na kabla hatujaizoea rangi yake robota likawa limekwisha. Nilikuwa nimejiuliza nani kanunua miavuli yote ile. Jibu lilikuwa linaingia mlangoni mmoja mmoja linaniamkia.

Mama mkubwa alikuwa ameshakaa mbele kabisa kwenye kiti chake, mgongo umenyooka, naye kajifunga kapulana yake kuukuu kwa juu. Sikuweza kwenda kumwambia. Ningemwambia nini, mbele ya watu wote wale? Na makamu alikuwa amekaa nyuma yake hatua chache, ametulia tuli, shingo juu.

Taa zikazimwa. Kelele zikaanza, "Sauti! Sauti!" Nikapuliza mikrofoni.

"Sauti ndiyo miye," nikasema. "Tulieni."

Ikaonekana theluji, na watu wenye makoti wanatoka duka la mikate mikono mitupu, wanatembea haraka haraka kama zinavyotembea picha za zamani. Palikuwa na bibi mmoja mstari wa mbele, mchokozi, hakosekani kwenye kibanda chetu. "Mji gani huu hauna mkate," akauliza, "na unga umemwagika njia nzima?" Watu wakacheka, yeye mwenyewe akacheka kupita wote. Kisha akatokea malkia.

Yaa Rabi! Mnene, kidevu juu ya kidevu, ameketi kwenye kiti kikubwa, uso mweupe kwa poda. Armazeni zima likamgeukia mama mkubwa. Sijavuta pumzi, akatokea dobi, mwanamke mrefu, shingo ndefu, mikono kiunoni.

"Makamu huyo!" mtu akapiga kelele gizani, na watu wakashangilia.

Hapo sikuhitaji Kijerumani. Mwenye macho haambiwi tazama. Mnene aliyekaa na mwembamba aliyesimama, katika picha yoyote duniani, hawamalizi wakiwa mashoga. Na wanawake hawa wakimwona malkia akivutwa kitini saa hiyo hiyo waliyovaa miavuli, watatoka nje kifua mbele, wataona hata ulimwengu umewaunga mkono. Lakini nguo ya juu ilikuwa bado imefungwa. Mtu anaweza kuona haya, akaifunga zaidi, akasema ameisahau ya kuku nyumbani. Nikaamua picha hii itakwenda nitakavyo miye.

"Huyu malkia," nikaanza kwa sauti yangu ya mapenzi, ile ya picha za Kihindi, "ni mama wa nchi. Usiku halali kwa kuwawazia watu wake."

Malkia akapiga mwayo. Kisha akakata kipande kikubwa cha keki, akamlisha mbwa wake mdogo.

"Ala! Mbwa anakula keki?" akauliza bibi mchokozi.

"Amemwonea huruma. Hata mbwa ni kiumbe wa Mungu."

"Na wale wanawake huko nje wanapanga foleni ya nini?"

"Ya kumsalimia."

"Mbona wanalia?"

"Foleni ndefu."

Yakatokea maandishi, herufi zenye pembe na mikia. Watu wakataka kujua yanasemaje, nikayasoma bila kusita: "Wanawake wakasema, hakuna kama malkia wetu." Senyora, aliyekaa karibu yangu, akanyoosha kidole kama mwanafunzi.

"Samahani," akasema. "Hapo imeandikwa: watoto wetu wana njaa."

Nikaifunika mikrofoni kwa kiganja, nikamwinamia. "Senyora, nakuheshimu sana. Weye chimba visima."

Akanitazama. Akamtazama mama mkubwa kwenye kiti chake, akamtazama malkia ukutani, akawageukia wanawake waliojaa nyuma. Akashusha kidole taratibu. Hakuwa mjinga yule mama.

Dobi akapanda juu ya pipa. Akaanza kuwahutubia wanawake, ngumi hewani, mdomo umefunguka mpaka meno ya mwisho. Na hapo makamu, kwa sauti yake ya upole isiyopanda wala kushuka, akauliza, "Dobi anasema nini?"

"Anasema malkia wetu anaumwa, twendeni tukamjulie hali."

"Kwa ngumi?"

"Ana uchungu."

Wanawake wakaanza kuandamana. Kila mmoja kashika shoka, au panga, au kijinga cha moto.

"Na mashoka?" akauliza makamu.

"Kuni za kumchemshia maji! Weye ukienda kumtazama mgonjwa unakwenda mikono mitupu? Huko kwenu ndivyo mnavyofanya?"

Armazeni likalipuka. Nilipata nguvu. Nikasema moyoni, hapa hapa, twende. Wakafika lango la ikulu wakalivunja vipande, nikasema limevimba kwa mvua. Askari wakatupa bunduki wakakumbatiana na wanawake, nikasema waume zao hao wametoka kazini, wamekutana njiani. Dobi akachana bendera, nikasema anatafuta kitambaa cha kumfunga mgonjwa kichwa. Watu walikuwa wanapiga mapaja, wanalia machozi. Senyora alishikwa na kwikwi, anajipiga kifua, kila kwikwi ikipita anasema samahani. Bibi mchokozi alikuwa amelala ubavu. Lakini mama mkubwa hakucheka hata kidogo. Nilikuwa namwona kisogo tu, na kile kisogo hakikutikisika, na ndicho kilichonitia wasiwasi.

Kisha malkia akatoroka. Alitoka kwa mlango wa jikoni, koti la mpishi kichwani, mbwa kwapani, sanduku la kofia mkononi. Akapanda gari la farasi. Akageuka akaitazama nyumba yake, kamera ikamsogelea mpaka uso ukajaa ukuta mzima, na poda ilikuwa imemchirizika.

"Anakwenda wapi?" watu wakapiga kelele. "Mtafsiri! Anakwenda wapi huyu?"

Nilikuwa nimekauka. Lugha zote za dunia ninazojifanya kuzijua zilinikimbia, nikatoa neno la kwanza lililonijia.

"Anakwenda Mtwara kutibiwa."

Jamani. Heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Watu walitoka nje kupumua wakarudi. Kuna mtu aligonga paji la uso wake kwenye nguzo. Na ukutani, huku wakicheka, dobi akaingia ukumbini peke yake, akakiona kile kiti kikubwa, akakizunguka, akakipapasa, akakaa.

"Anamtunzia kiti," nikasema. "Kisishike vumbi."

Hilo halikuchekwa. Kicheko kilikatika kama kimepigwa panga, kila mtu alikuwa anamtazama dobi aliyekaa. Na makamu akauliza, pole pole, "Na malkia akipona akarudi, atampa kiti chake?"

Wallahi, tangu nianze kazi hii sijawahi kukosa la kutia, na siku ile nililikosa. Mikrofoni ilikuwa inavuma tu.

"Harudi," akasema mama mkubwa.

Hakugeuka. Alisema akiutazama ukuta. "Waambie watu ukweli, mwanangu. Aliyetoka na mbwa harudi."

Yakatokea maandishi ya mwisho, mafupi, na Senyora akasema kwa sauti ndogo, "Mwisho," akamaliza na kwikwi.

Tukatoka nje uwanjani, jua linachoma, macho yamezoea giza hatuonani vizuri. Nilimwekea mama mkubwa kiti chake mahali pake nikakitandika kitambaa. Nilitaka kumwambia twende nyumbani, jifanye una homa. Akakaa. Wanawake wakajipanga mistari mbele yake, wanakwepana macho. Wapiga matari wakakaa chini, mmoja akatia moto karatasi akalipasha ngozi tari lake, akapiga.

Mafundo yakafunguliwa. Pinki. Miavuli mstari wa kwanza, miavuli mstari wa pili, miavuli mpaka nyuma kabisa. Hata wale waliokula kwa mama mkubwa kule ugenini, hata katibu ambaye mtoto wake alizaliwa mikononi mwa mama mkubwa kwenye hema, miavuli. Nilisikia hasira inapanda kutoka vidoleni. Nilimtazama makamu nikiwa bado nimeshika mikrofoni, nikapima umbali. Kama asingekuwa ameinamisha kichwa ningemrushia, Mungu shahidi yangu. Lakini alikuwa ameinamisha kichwa, na alikuwa analia, maana hata yeye alikuwa amecheza kwa matari yale aliyotuokolea mama mkubwa vitani.

Mama mkubwa akaitazama mistari yake. Akaitazama yote, kutoka mwanzo mpaka mwisho, kama anavyoitazama kila msimu kuona nani kavaa vibaya. Kisha akasimama, akashika fundo la kapulana yake kuukuu, akalifungua.

Pinki! Miavuli! Nguo mpya kabisa, haijapigwa hata maji, mkunjo wa dukani bado umesimama kifuani.

Tari likakatika. Hakuna aliyejua la kufanya, maana desturi yetu haikuacha neno juu ya rainya anayepinduliwa akiwa amevaa nguo ya waliompindua. Mama mkubwa akaikunja ile kapulana kuukuu vizuri, akanikabidhi miye, akaondoka kwenye kiti. Akapita katikati ya wanawake mpaka mstari wa nyuma, akamsukuma mmoja kwa nyonga apate nafasi, akapiga magoti.

"Haya, mwasubiri nini?" akasema. "Watoto wa watu wanaungua na jua."

Kiti kikabaki peke yake. Macho yote yakamwendea makamu. Akatembea mpaka pale, akasimama kando yake, na ile shingo yake ndefu sijui aliificha wapi, alikuwa mfupi kama sisi wote. Akakishika mgongo wa kiti. Akageuka nyuma kabisa, kwa sauti nyembamba akauliza, "Mama, kinakaliwaje hiki?"

"Kwa matako, mwanangu," akajibu mama mkubwa. "Kama viti vyote."

Nilisikia kicheko cha Senyora kabla ya chetu, kwa hiyo Kiswahili chake kilikuwa kizuri kuliko nilivyodhani. Makamu akacheka huku akilia, akakaa nusu ya kiti, nusu nyingine akaiacha. Matari yakaanza upya. Mama mkubwa alikuwa hajacheza tangu zamani za kukalishwa kiti, na ilionekana. Mabega aliyarusha kulia wenzake wakiwa kushoto. Wimbo aliutangulia. Mstari ulipotakiwa kuinuka kutoka magotini yeye hakuinuka, magoti yalikataa, akabaki chini anayumbisha mabega kama ndivyo ilivyopangwa. Mzunguko uliofuata, wale wawili waliokuwa pembeni yake wakamtia mikono kwapani, wakamnyanyua bila kuacha kuimba, wakamshusha, wakamnyanyua tena, mpaka ngoma ikaisha. Alikuwa anatweta na meno yote yako nje.

Njiani kurudi nyumbani nilibeba kichwani kiti chetu cha wageni alichokalia Senyora, kile cha rainya kimebaki kwa makamu, na yeye kabeba kapulana yake kuukuu niliyomrudishia. Sikuweza kuvumilia.

"Ulijua tangu lini?"

"Tangu yule wa Mtwara aliponiuliza kama nami nachukua ya miavuli kama wenzangu. Maskini, hakujua ananiambia nini."

"Na ukanunua?"

"Nikanunua. Nikaja nyumbani, weye ulikuwa kibandani, nikalia mpaka nikachoka. Niliona uchungu, mwanangu, sikufichi. Nilitaka kuwalaani. Kisha nikaona, kushuka nitashuka, lakini sitasimama peke yangu na kuku wangu katikati ya miavuli watu wakinihurumia."

Hasira ikanirudia, safari hii juu yake. "Sasa mbona hukuniambia? Umeniacha naongopa mchana kutwa mbele ya umma! Mashoka nimeyafanya kuni! Bendera nimeifanya kitambaa cha kichwa! Kesho nitapita wapi, miye?"

Akasimama katikati ya njia. Gari la kwenda Palma likatupigia honi, hakusogea, dereva akatuzunguka akitukana.

"Nilikuwa nakusikiliza," akasema. "Marehemu mume wangu, Mungu amrehemu, miaka yote ile hakuwahi kunitetea hata mbele ya dada zake. Leo weye umeipindua nchi ya Wajerumani kwa ajili yangu. Ningekunyamazishaje?"

Nikalia pale pale, kiti kichwani, mikono miwili imekishika, machozi hayana wa kuyafuta. Akanifuta yeye kwa ile kapulana kuukuu, akanifuta na pua kama mtoto. Tukatembea. Tulipokaribia nyumbani akaniuliza, bila kunitazama, kama mtu anayeuliza bei ya dagaa:

"Na yule malkia, huko alikokwenda, alikuwa na mtu?"

"Alikuwa naye," nikasema. "Alikuwa na mtoto wa dada yake."

Akaitikia kwa kichwa. "Basi hakupotea," akasema, akaniambia nikitua kiti niwashe moto, yeye anakwenda kufungia mbuzi.